Kutoka filamu kwenda gemu: usiandike muziki unaokimbilia kileleni

Niliingia kwenye kutunga muziki wa gemu nikitokea kwenye filamu, nikidhani kazi ni ileile. Kwenye filamu napewa tukio lililokwisha kuhaririwa. Najua mlango utafunguka sekunde ya 41. Picha zikienda fremu 24 kwa sekunde, nami nikachagua mwendo wa mapigo 120 kwa dakika, kila pigo linachukua fremu 12 kamili. Hapo ni kuhesabu tu hadi mlangoni.

Gemu yangu ya kwanza ilikuwa na pango. Nikalitungia wimbo wa filimbi wa dakika moja na nusu, unaopanda taratibu hadi kileleni. Wachezaji wa majaribio wakakwama mle nusu saa nzima. Kilele changu kiliwapigia mara 20, pasipo adui wala hazina, na baadhi yao wakazima sauti. Iliniuma, kwa sababu ule wimbo niliupenda kweli.

Gemu ya Space Invaders ya mwaka 1978 ilikuwa na noti nne tu za besi, zinazojirudia na kuharakisha kadiri mchezo unavyopamba moto. Muziki ulimfuata mchezaji, na wangu ulimtaka yeye aufuate.

Kwa hiyo ukipewa gemu, uliza kwanza mchezaji atakaa pale muda gani. Ukiambiwa haijulikani, na mara nyingi haijulikani, tunga kwa matabaka: sauti nzito ya chini inayoweza kukaa hata saa nzima bila kuchosha, ngoma peke yake, filimbi peke yake, zote kwa mwendo mmoja. Programu kama FMOD au Wwise itaingiza ngoma adui akitokea na kuiondoa akishakufa.

Chunga sana pale wimbo unaporudi mwanzo. Mwangwi wa noti ya mwisho ukikatwa, sikio hushtuka kila mzunguko. Mimi hurekodi mizunguko miwili mfululizo, kisha nakata na kutumia wa pili, maana mwanzo wake umeshabeba mwangwi wa ule wa kwanza.

Kuhusu malipo: filamu ikirushwa kwenye televisheni unaweza kupata mrabaha, lakini gemu nyingi hulipa mara moja tu. Taja bei ukilijua hilo.

Siku hizi kabla sijatuma wimbo, nauacha uzunguke saa nzima huku nikifanya shughuli nyingine. Nikijikuta nimeinuka kwenda kuuzima, narudi kuutunga upya.