Yaya Anajibu: Maneje, Kizunguzungu na Ile Gupiye Ndogo

Noeli na Bonane zinakaribia, makamyo ya maneje, ile michezo ya mashini yenye kuzungusha watu, yameanza kushusha vyuma mu viwanja vya Lubumbashi, na barua zenu nyingi zimegeukia upande moja tu. Basi wenye mashamba na wenye mambo ya ndoa mutanivumilia, tutaonana toleo lijalo.

*

Yaya, mutoto yangu wa miaka 8 alipanda ile maneje ya vikombe, kushuka tu akaanza kuyumba, macho inachezacheza pembeni, kisha akatapika nguo yote ya Noeli. Nkambo yake anasema ni kifafa inaanza, ao kuna mwenye alimuangalia mubaya, tumupeleke ku maombi. Nifanye nini? – Mama wa Kamalondo

Mama, tuliza roho, na nkambo umusalimie. Vile unavyoeleza, hiyo ni sikio.

Ndani kabisa ya kila sikio kuna vijia vitatu vimepinda, vimejaa maji, kila kimoja kimeelekea upande wake. Ukigeuza kichwa, maji inachelewa kidogo kufuata, na kule kuchelewa njo ubongo unajua kwamba tunageuka. Sasa maneje ikizunguka na vitesi (kasi) ileile bila kubadilika, sekonde 20 hivi maji inakuwa imeshika mwendo, sikio linanyamaza. Shida inaanza wakati wanafunga freni: mutoto amesimama lakini maji bado inaenda, ubongo unaambiwa sasa tunageuka upande wa pili, macho nayo inajaribu kufuata mzunguko wenye haupo tena, njo ile kuchezacheza uliona. Macho inasema tumesimama, sikio inakatala, na tumbo njo inalipa.

Vikombe ni vibaya zaidi juu kikombe kinazunguka chenyewe na sahani ya chini nayo inazunguka, mutoto hajui mugeuko gani unafuata. Kuna ingine ya Marekani inaitwa Tilt-A-Whirl, aliitunga Herbert Sellner mwaka 1926 kule Faribault, Minnesota, viti vyake vinaweza kugeuka kushoto ao kulia wakati wowote, na mwaka 1994 wanafizika waliandika kwamba kweli huwezi kutabiri kiti kitageuka wapi mara ijayo. Kwenye ile hata mimi mutu muzima ninabaki chini na kushika mikoba.

Siku ingine mupe chakula kidogo saa moja ao mbili mbele, tumbo tupu haifai na tumbo imejaa bugali na samaki haifai zaidi. Akiwa juu aangalie mbali, kama mti ao jengo, asiangalie miguu yake wala telefone. Akishuka umukalishe, akaze macho ku kitu kimoja chenye hakitembei, hapo inaisha yenyewe. Tangawizi inasaidia wengine, haina hasara. Ila mama, kama kizunguzungu kinaendelea mpaka kesho yake, ao sikio halisikii vizuri, ao alipiga kichwa ku chuma, ao anaanguka na kuzimia hata bila maneje, hapo usingoje barua yangu, muende hospitali. Maombi mutafanya mukiwa njiani.

*

Yaya, tuko na ubishi hapa komini ya Kenya, Lubumbashi. Mu maneje ya viti vya minyororo, papa moja munene sana alikaa kiti ya nyuma ya dada moja mwembamba. Miye nilisema papa ataruka mbali juu ni muzito, rafiki yangu akasema dada njo ataruka juu ni mwepesi. Tulitia franka. Nani analipa? – Mwanafunzi

Mudogo wangu, hakuna mwenye analipa, murudishiane franka zenu. Kama minyororo yao iko sawa, papa na dada wanainama kiasi kilekile. Uzito unamuvuta papa chini zaidi, kweli, lakini uzito uleule unamufanya awe muzito pia kugeuzwa, na vyote viwili vinapanda pamoja, vinafutana. Pembe ya munyororo inaamuliwa na vitesi ya muzunguko na umbali kutoka katikati, basi. Ukiona kiti moja kimeinama tofauti na vingine, usitafute mutu munene, angalia munyororo wake.

Lakini munyororo, huo unasikia tofauti! Viti vikiinama nusu ya njia kati ya kuning'inia wima na kulala, yaani digrii 45, kila mutu anakaa muzito mara 1.4 hivi. Papa wa kilo 80 anavuta munyororo wake kama kilo 113. Njo maana mwenye maneje anayejua kazi anapanga watu, wanene hawakai wote upande moja.

Tena kitu kingine, juu nimeona watu wanakosea kila mwaka: mu maneje ya viti vya watu wawili vyenye kuzungushwa upande, mukubwa akae upande wa nje, mutoto ndani. Mukifanya kinyume mutoto anagandamizwa ku chuma na kilo zote za mama yake.

*

Yaya, minapita kila siku pale wanajenga hizi maneje, minaona vijana wanapiga nyundo usiku na kesho yake bana yetu banapanda. Miye baba ya bana bane. Mutu wa kawaida anaweza kujua namna gani kama ni nzuri? – Papa wa Katuba

Papa, swali lako njo lilinifanya nijaze ukurasa muzima.

Watu wanaogopa vitesi, wanaogopa urefu, wanaogopa ile kupinduka miguu juu. Kumbe mutu anashikwa ku kiti na kitu kidogo kabisa, gupiye ya chuma kama kidole, inapita mu tundu ya ile fimbo ya kufunga mapaja, na nyuma yake kuna kiklipu cha kuizuia isitoke. Njo pale unaanza kuangalia. Kabla ya kununua tiketi simama ku barrière, acha muzunguko moja mzima upite, macho ku mikono ya yule kijana anayefunga watu. Anavuta kila fimbo na mukono wake, ao anapita tu anapokea franka? Gupiye zote zinafanana, ao kuna kiti kimoja imewekwa musumari, kingine waya wa kufungia makaa? Papa, ukiona waya, rudi nyumbani na watoto, hata kama wanalia njia yote mpaka Katuba.

Kisha shusha macho. Maneje yote inasimama juu ya mbao nene, na udongo wetu mwekundu mu Desemba unajua vile uko, asubuhi ni mugumu, mvua moja ya saa tisa inaugeuza matope. Mwenye kazi nzuri anasimamisha mashini baada ya mvua, anapima tena kama iko sawa, anaongeza mbao. Mwenye haraka anawasha gurupe, ile mashini ya kutoa umeme, na kuendelea. Waya za gurupe zenyewe ziangalie, zikipita mu maji na zimeunganishwa na plastiki ya mufuko, hapana. Na barrière iko mbali ya kutosha, ao miguu ya wenye kuruka inapita juu ya vichwa vya watoto wenye kungoja?

Rangi nayo inadanganya. Rangi mupya inapendeza, lakini angalia pale vyuma viwili vimechomelewa pamoja: ukiona mustari mwembamba wa kutu unatoka chini ya rangi, pale kuna ufa unapumua. Na kuna kutu yenye haionekani kabisa. Tarehe 26 Julai 2017, ku maonyesho ya jimbo la Ohio kule Marekani, maneje kubwa yenye kuyumba na kuzunguka inaitwa Fire Ball ilikatika ikiwa mu mwendo, kijana wa miaka 18 akafa palepale, wengine 7 wakaumia. Wakaguzi walikuwa wameipitisha siku ileile. Kiwanda chenye kuitengeneza kilisema chuma cha kushika viti kililiwa na kutu kutoka ndani ya tuyo (bomba), ukuta wa chuma ukabaki mwembamba, kwa nje hakuna mutu aliona. Sisemi hivi kukutisha papa, ninasema juu watu wanapenda kuniandikia "lakini walikagua". Macho yako hayataona ndani ya tuyo, kweli, lakini mwenye anaweka waya kwa gupiye hajawahi kufikiria ndani ya tuyo.

Mambo mengine haraka haraka. Usibebe mutoto juu ya magoti, fimbo inagusa mapaja yako wewe na kumuachia yeye nafasi ya kuteleza. Mwenye mimba, mwenye ugonjwa wa moyo, mwenye mugongo ao shingo inamusumbua, mwenye alipasuliwa juzi, abaki chini. Mwenye kifafa awe mwangalifu na zile taa za kuwaka-zima. Mulevi pia abaki chini, na kama mulevi ni yule mwenye kushika freni basi munajua. Mwenye kushika freni hapaswi kuwa na telefone ku sikio, hapaswi kuacha nafasi yake hata kidogo wakati iko inazunguka.

*

Ni nani alianzisha ile pipa kubwa yenye kuzungusha watu mpaka wanabandikwa ku ukuta na sakafu inashuka? Niliona mu video. – Bel-Air

Ni Ernst Hoffmeister, enjenia wa Ujerumani, mwisho wa miaka ya 1940, na mwaka 1949 iliwashangaza watu kule Oktoberfest ya Munich. Inaitwa Rotor. Hakuna gundi wala sumaku, mwili unataka kwenda mbele moja kwa moja, ukuta unaukatalia, na ukikusukuma kwa nguvu ya kutosha nguo haziteleze tena. Ndoo ya maji ukiizungusha na mukono haimwagi, ni jambo lileile.

Gurudumu kubwa la kupandisha watu juu lenyewe lilitoka Chicago mwaka 1893, la George Ferris, mita 80 na kidogo, vyumba 36, watu mpaka 60 mu chumba kimoja. Sheminé yetu ya Gécamines, ile bomba ndefu ya moshi ya kampuni ya madini hapa Lubumbashi, bado inalipita urefu, nimeandika hivyo juu najua mutauliza.

*

Yaya, miye ni fundi wa kuchomelea hapa Ruashi. Minataka kutengeneza maneje kidogo ya bana ba avenue, ya kusukuma na mikono, bana 8. Niko na moyeu (kitovu cha gurudumu) na rulema (beringi) za kamyo ya zamani. Nichunge nini? – Fundi

Fundi, wazo ni zuri na moyeu wa kamyo umechagua vizuri, umezoea mizigo. Kwanza tuongee vitesi juu pale njo mafundi wanaangukia. Nguvu ya kutupa mutoto nje haipandi sawa na vitesi, inapanda kwa vitesi mara vitesi yenyewe: ukizungusha mara mbili haraka zaidi, nguvu inakuwa mara 4. Tuseme watoto wanakaa mita 2 kutoka katikati. Muzunguko moja ukichukua sekonde 6, mutoto anasukumwa nje na kama robo ya uzito wake, anacheka. Ukichukua sekonde 3, inakaribia uzito wake muzima, mikono midogo inaanza kuachia. Sekonde 2, ni mara 2 ya uzito wake, hapo umetengeneza ile pipa ya Mujerumani lakini bila ukuta. Na vijana wakubwa wakija kusukuma watataka sekonde 2, ninakuhakikishia. Kwa hiyo weka freni ya kusugua yenye inagusa kila wakati kidogo, maneje iwe nzito kusukuma kupita pale.

Kila mutoto awe na kiegemeo cha nje na fimbo ya kushika mbele. Tuyo usizifunge huku maji ikiwa ndani, toboa tundu ndogo chini ili mvua itoke, yale ya Ohio umeyasoma hapo juu. Bulo (bolti) za moyeu ziwe na nati za kujifunga zenye hazilegei, na upige mustari wa rangi kupita juu ya nati na chuma, siku mustari ukivunjika unajua nati imesogea bila hata kushika ufunguo.

Mbele mutoto yeyote hajapanda, jaribu na mifuko ya simenti. Watoto 8 wa kilo 30 ni kilo 240, basi wewe weka mifuko 10 ya kilo 50 na uzungushe, kisha ihamishe yote upande moja na uzungushe tena, juu siku moja watoto wote watakaa upande wenye rafiki yao amekaa. Ikilia ao ikiinama, rudi ku posti ya kuchomelea.

Na ile nafasi kati ya sakafu na udongo, pale njo miguu inaumia zaidi kuliko kuanguka. Ifunike na bati iliyokunjwa ukingo, mpaka chini kabisa, mguu wa mutoto aliyeteleza usiingie. Jioni uifunge na munyororo na kufuli, la sivyo saa mbili ya usiku vijana wataizungusha wenyewe na sekonde zao.