Tunguska ya Chini: kwa nini mto unapanda mita 30 halafu majira ya baridi karibu unaisha

Mkuu umeuliza mawili: kama mto huu ndiko kimondo kilikolipuka mwaka 1908, na maji yanawezaje kupanda mita 30 sehemu isiyo na mvua nyingi.

La kwanza ni fupi. Mlipuko wa 30 Juni 1908 ulitokea upande wa Podkamennaya Tunguska, karibu na kijiji cha Vanavara. Huo ni mto mwingine, uko kusini zaidi. Wewe unaongelea Nizhnyaya Tunguska, yaani Tunguska ya Chini: kilomita 2,989, unaanzia mkoa wa Irkutsk huko Siberia, Urusi, unakwenda kaskazini, kisha unakata kona kuelekea magharibi na kuingia mto Yenisei pale Turukhansk. Karibu na Kirensk unaukaribia mto Lena hadi kilomita 15 hivi, lakini hauungani nao. Ndiyo maana karne ya 17 wafanyabiashara wa manyoya wa Kirusi walipitia huku, wakavuka kipande hicho cha nchi kavu na kushuka Lena.

Sasa maji. Bonde lake, kilomita za mraba zipatazo 473,000, karibu lote limekalia ardhi iliyoganda mwaka mzima. Kiangazi inayeyuka tabaka ya juu tu, na chini yake maji hayapenyi. Kwa hiyo theluji iliyorundikana tangu Oktoba, ikiyeyuka Mei na Juni, haina pa kwenda ila mtoni, na karibu robo tatu ya maji ya mwaka hupita msimu huo. Wastani wa mwaka ni kama mita za ujazo 3,600 kwa sekunde, lakini kilele cha mafuriko kimewahi kupita 70,000. Majira ya baridi mambo ni kinyume: hakuna chemchemi za kutosha za kuulisha mto, hivyo mtiririko unashuka hadi makumi tu.

Wingi wa maji peke yake haupandishi mita 20 hadi 30. Kuna mambo mawili zaidi. Kwanza, huko chini mto umechimba njia nyembamba kwenye basalti, mwamba wa volkano wa miaka milioni 252 hivi iliyopita. Maji yakibanwa kati ya kuta hizo hayana pa kutandaa, yanapanda. Pili, sehemu ya juu iko kusini, inayeyuka mapema, na maji yake yanakuja kugonga barafu ambayo huku chini bado ni ngumu. Mapande yakirundikana kwenye kona, yanakuwa boma la kuzuia maji. Yenisei nayo ikiwa imejaa, inausukuma mto nyuma.

Kwa wakazi wa Tura, makao makuu ya wilaya ya Evenki, haya ndiyo kalenda ya maisha. Hakuna barabara ya kudumu. Mafuta na shehena nzito huja kwa matishari kutoka Krasnoyarsk: yanashuka Yenisei, kisha yanavutwa kupanda Tunguska zaidi ya kilomita 800. Nafasi ni wiki chache tu. Ukiwahi, unakutana na mapande ya barafu na mkondo unaoshinda injini. Ukichelewa, mawe ya Bolshoy Porog, sehemu ya mto yenye mawe na mkondo mkali, yameshatokeza na tishari lililojaa halipiti. Mzigo uliokosa msimu huo unasubiri barabara ya barafu, yaani njia ya malori juu ya mto ulioganda, au upande ndege kwa gharama yake.

Na barabara ya barafu isikudanganye kwa sababu baridi inapita nyuzi 50 chini ya sifuri. Mto ukiganda hadi karibu na kitako, maji yaliyobaki yanabanwa, yanapasua na kumwagika juu ya barafu. Theluji ikiyafunika hayagandi upesi, kwani theluji ni blanketi. Juu unaona peupe pakavu, lori linazama hadi ekseli, na matairi yanagandia humo humo. Madereva hutoboa kwanza kwa mtaimbo pale theluji inapoonekana ya kijivu au imebonyea.

Ukitaka kujionea, fungua picha za setilaiti Turukhansk, nyuzi 65.8 kaskazini na 88 mashariki, ufuate mto kuelekea Tura, nyuzi 64.3 na 100.2. Linganisha ya mwanzo wa Juni na ya Agosti. Kingo tupu zisizo na miti, juu kabisa ya maji ya Agosti, ndizo zinazokwanguliwa na barafu kila mwaka.