Anza na Tarehe: Kwa Mawakili Wapya Mnaoshika Kesi za Uajiri wa Walimu

Nimetoka kusoma rasimu nyingine ya wanagenzi wetu. Kurasa na kurasa za namna alama za usaili zilivyojumlishwa vibaya, kazi nzuri kabisa, halafu tarehe ya uamuzi imejificha karibu na mwisho. Nawapenda, vijana wangu, ila hili linanichosha.

1. Ulizeni tarehe kabla ya alama. Mkitaka amri ya kubatilisha uamuzi chini ya Agizo la 53 la Kanuni za Mwenendo wa Kesi za Madai za Kenya, Sheria ya Marekebisho ya Sheria, Sura ya 26, inawapa miezi 6 tangu siku ya uamuzi wenyewe. Mahakama ya Rufani ilishasema katika kesi ya Wilson Osolo, 1995, kwamba muda huo umewekwa na sheria ya Bunge, hivyo kanuni za kuongeza muda haziugusi.

2. Barua haisimamishi saa. Hili nililijua kwa kuumia. Nikiwa wakili mchanga alinijia mwalimu aliyenyimwa nafasi, na faili yake ilikuwa safi: orodha ya alama, vyeti, hata nakala ya malalamiko yake. Muda ulikuwa bado upo. Nikaandika barua ya madai. Mwajiri akajibu kwa upole kwamba suala linashughulikiwa. Nikaandika ya pili, nikasubiri, nikaamini kabisa kwamba mazungumzo yanaendelea. Nilipokwenda masjala miezi 6 ilikuwa imepita. Wakili wa upande wa pili hakugusa alama hata moja, alimwomba jaji alinganishe tarehe mbili tu. Ombi likatupwa asubuhi hiyo hiyo. Kwenye ngazi za mahakama mteja akaniuliza, “Wakili, alama zangu wamezisoma?” Ikabidi nimwambie hapana. Alikuwa na haki, na mimi ndiye niliyeiacha ikaponyoka. Andikeni barua, ndiyo, lakini rasimu ya ombi iwe tayari siku barua inapotoka.

3. Msijifiche nyuma ya Kifungu cha 47 cha Katiba, kinachompa kila mtu haki ya uamuzi wa kiutawala ulio wa haki. Ombi la kikatiba halina ukomo wa miezi, lakini Sheria ya Hatua za Haki za Kiutawala ya 2015 inataka mje bila kuchelewa kusiko na sababu. Jaji atauliza mlikuwa wapi. Kila mwezi uliopita uelezwe ndani ya hati ya kiapo, na kielelezo chake kiambatishwe: ugonjwa, stakabadhi iliyozuiliwa. “Mteja hakuijua sheria” halijawahi kunisaidia.

4. Njia za ndani kwanza. Sheria hiyo hiyo inataka mzimalize, kwa hiyo malalamiko yaende TSC, yaani Tume ya Huduma kwa Walimu, kwa maandishi mara moja, na nakala yenye mhuri ibaki kwenu. Zikikwama, kifungu cha 9(4) kinaruhusu kuomba msamaha wa sharti hilo. Kinaruhusu kuomba, nasisitiza, maana rasimu zenu zinalalamika kuhusu ucheleweshaji wa tume na haziombi msamaha wenyewe popote.

5. Miaka 3 ya Sheria ya Ajira ya 2007 ni ya madai yanayotokana na sheria hiyo au na mkataba wa kazi. Msiigeuze kuwa mto wa kulalia. Mkichelewa hadi huko, hata mkishinda mara nyingi mnachobaki kudai ni fidia, kwa sababu nafasi ina mtu.

6. Na huyo mtu mumuunganishe kwenye kesi tangu mwanzo kama mhusika mwenye maslahi. Wengi wenu mnamsahau. Yeye huenda hakuiba chochote: aliitwa, akapewa barua, akahamisha familia, sasa ana wanafunzi wa kidato cha nne wanaomtegemea. Kadiri mnavyokawia ndivyo mizizi yake inavyozama, na jaji hatamng'oa bila kumsikiliza. Ombeni zuio la muda kabla hajaripoti shuleni.