Maswali ya Wasomaji: Shahidi Asiyetaka Kujulikana

SWALI: Natengeneza dokumentari kuhusu wazee wa Kilifi wanaosingiziwa uchawi ili wanyang'anywe mashamba. Bibi mmoja amekubali kusema, ila hataki kujulikana. Je, inatosha kuufifisha uso wake wakati wa kuhariri?

JIBU: Haitoshi. Kadi ya kamera ikiibwa kabla hujahariri, uso wake umo mzima. Mfiche tangu kwenye lenzi.

Mkalishe dirisha likiwa nyuma yake, uzime taa zote. Kwenye simu, bonyeza kidole penye dirisha na ushikilie mpaka kamera ijifunge kwenye mwanga wa nje. Bibi atabaki kivuli. Kinachoharibu kazi hapa ni ukuta mweupe ulio mbele yake, maana hurudisha mwanga usoni. Utundikie shuka jeusi. Rekodi sekunde 10, uzifungue kwenye kompyuta na uongeze mwanga hadi mwisho. Ukiona pua, na wengine wataiona.

Halafu tazama vitu. Bibi huyu hatishwi na mtu wa Nairobi, anatishwa na jirani, na jirani humtambua mtu kwa kanga yake, bangili, mkongojo, hata mwembe unaoonekana dirishani. Mwazime kanga nyingine.

Kuishusha sauti yake iwe nzito kwa programu si kinga: aliye na programu kama hiyo anaweza kuipandisha tena. Mwombe mama mwingine ayasome maneno yake, na uondoe yanayomtaja bila jina, kama "mwanangu wa tatu, yule fundi cherehani". Zima pia huduma ya mahali kwenye kamera ya simu, vinginevyo faili linaweza kubeba ramani ya kwake. Faili lipewe namba, si jina.

Ridhaa uliza mojamoja: runingani? YouTube? Mkutanoni? Anaweza kukubali moja akakataa mengine. Sheria ya Kulinda Data ya Kenya ya 2019 inamruhusu kuiondoa ridhaa yake, kwa hiyo mwonyeshe filamu iliyohaririwa kabla haijatoka. Ikishapakiwa mtandaoni hairudi, hata ukiifuta.

SWALI: Tunaonyesha vijijini filamu kuhusu wazee wanaosingiziwa uchawi, watu wanalia, wanapiga makofi, wanaondoka. Tunakosea wapi?

JIBU: Pengine filamu yenu haimwombi mtu yeyote kitu. Kifungu cha 6 cha Sheria ya Uchawi ya Kenya, ya tangu 1925, kinasema kumtuhumu mtu uchawi ni kosa, isipokuwa mbele ya polisi, chifu au mwingine mwenye mamlaka. Wengi hawajui hilo. Liwekeni ndani ya filamu, na chifu awepo aulizwe hadharani atafanya nini akiletewa kesi. Mwoneni siku kadhaa kabla. Akishtukizwa atajitetea tu.

Dakika 20 za filamu zinatosha, saa nzima iwe ya mazungumzo. Jenereta iwe mbali, kebo ya mita 30 au zaidi, la sivyo hakuna atakayesikia. Karatasi yenye namba ya kituo cha polisi igawiwe kabla filamu haijaanza, kwa sababu mwishoni watu huwa wameshaanza kutawanyika.