Shauri la nidhamu lisilofungwa ndilo linalokukwamisha daraja

Nimefanya kazi kwenye idara ya utumishi ya halmashauri hapa Tanzania, na kuandaa orodha za watu wa kupandishwa vyeo ni kazi niliyoizoea. Swali ninaloulizwa sana na watumishi ni hili: "Afisa, mimi nilipewa onyo, daraja ndo limeshaenda?" Kwa niliyoyaona, onyo peke yake si la kukunyima usingizi. Wenye onyo walioendelea kuchapa kazi nimewaandika kwenye orodha na wakapita. Anayekwama ni yule ambaye shauri lake halijafungwa.

Orodha inapoandaliwa, afisa hupitia tange (orodha ya watumishi kwa vyeo na ukongwe), huangalia Muundo wa Maendeleo ya Utumishi wa kada yako, yaani waraka unaoonyesha ngazi za vyeo na sifa zake, muda uliokaa kwenye cheo, tathmini ya utendaji na kama ikama (idadi ya nafasi zilizoidhinishwa) na bajeti vinaruhusu. Halafu anafungua jalada lako. Akikuta hati ya mashtaka, utetezi wako, na baada ya hapo hakuna kitu, anakuweka kando. Wala hakuonei. Hawezi kupeleka kikaoni jina la mtu ambaye mwezi ujao anaweza kushushwa cheo.

Kuna muuguzi mmoja aliyetuhumiwa utoro. Alijitetea kwa maandishi, akaambatisha cheti cha hospitali, mkuu wake akaridhika. Wenzake walipopanda, yeye akabaki. Akaja ofisini amefura.

"Bosi mwenyewe aliniambia rudi kazini, yameisha!"

"Yameisha wapi, dada? Barua iko wapi?"

Tulifungua jalada pamoja. Folio ya mwisho, yaani karatasi ya mwisho yenye namba kwenye jalada, ilikuwa utetezi wake. Mkuu aliyemwambia yameisha alikuwa ameshahama, na aliyemrithi hakuwa na habari yoyote. Kwenye utumishi wa umma, neno la mdomo halina folio.

Kwa hiyo, ukishajibu hati ya mashtaka, usikae kimya ukidhani ukimya unakusaidia. Andika barua kwa mamlaka yako ya nidhamu (yule mwenye madaraka ya kuamua shauri lako), ipitie kwa mkuu wako wa kazi, ukiomba uamuzi. Baki na nakala yenye muhuri wa masijala, ofisi inayopokea na kutunza barua na majalada. Uamuzi ukitoka, hata kama ni wa kukusafisha, hakikisha umeingia kwenye jalada binafsi. Kuna majalada ya mashauri yanayolala masijala ya siri huku jalada binafsi likionyesha bado unashtakiwa.

Uamuzi ukikuumiza, kata rufaa. Una siku 45 tangu upokee barua, na kwa watumishi wengi rufaa inakwenda Tume ya Utumishi wa Umma. Wapo wanaokimbilia Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, inayoshughulikia migogoro ya kazi, kwa sababu jirani anayefanya kazi kiwandani alishinda huko. Tangu marekebisho ya sheria ya mwaka 2016, mtumishi wa umma anatakiwa kwanza amalize njia za ndani ya Sheria ya Utumishi wa Umma. Ukirudishwa kutoka huko, siku zako 45 zinaweza kuwa zimeshakwisha, na adhabu uliyoipinga inabaki kwenye jalada.

Jambo jingine linalosahaulika ni tathmini. Zamani utendaji wa mtumishi ulipimwa kwa fomu za OPRAS, siku hizi ni kwa mfumo wa kielektroniki wa PEPMIS. Aliyesimamishwa kazi wakati wa uchunguzi hana majukumu anayoyajaza, kwa hiyo akirudi anakuta pengo. Omba barua ya kurejeshwa kazini itaje tarehe za kusimamishwa na kwamba tuhuma hazikuthibitika. Siku afisa mwingine atakapouliza mbona hapa hapana alama, barua hiyo ndiyo itakayojibu.

Na ukishasafishwa, usingoje ukumbukwe. Andika ukiomba ufikiriwe cheo ambacho wenzako wa tarehe moja ya ajira walishapata, ambatisha uamuzi, na taja tarehe waliyopandishwa. Hakuna anayeweza kukuhakikishia utarudishiwa tarehe hiyo, maana ikama na fedha vina sauti yake. Ila barua hiyo ifike mapema, bajeti ya mishahara inapoandaliwa. Wengi huleta Julai, mwaka wa fedha ukiwa umeshaanza, nafasi zimeshapangwa, na afisa hana la kufanya zaidi ya kuwaandika kwenye maoteo (makadirio) ya mwaka unaofuata.