Kumtazama mgonjwa kwa ukamilifu si chupa ya dawa

Swali: Shikamoo sista. Baba alipata kiharusi, upande wa kulia haufanyi kazi. Siku ya kuruhusiwa wodini nesi alituuliza nani anateka maji, baba analala wapi, na kama anaswali. Sasa kuna mtaalamu amepita kijijini, anasema naye anatoa "tiba holistiki", yaani ya kumtazama mgonjwa kwa ukamilifu, mwili na roho, ila baba aache kwanza vidonge vya presha ili dawa yake ifanye kazi. Si kitu kimoja? (Msomaji, Newala)

Jibu: Marahaba mwanangu. Si kitu kimoja, na vidonge visiachwe hata siku moja.

Maswali ya yule nesi ndiyo uuguzi wenyewe. Virginia Henderson, muuguzi wa Marekani, alitaja mahitaji 14 ambayo tunamsaidia mgonjwa kuyatimiza mpaka aweze mwenyewe: kupumua, kula, kwenda haja, kujigeuza, usafi, hadi kuabudu. Nesi aliuliza maji kwa kuwa Newala maji ni shida, na asiyeweza kuzuia mkojo anahitaji kuogeshwa kila siku. Aliuliza swala kwa kuwa mzee aliyezoea kuswali, akikosa wa kumtawadhisha, hunyong'onyea hata uji akaukataa. Hayo yote hayakuondoa kidonge. Kidonge kimo humo humo.

Linaloniudhi ni hawa wapita vijijini walioliokota neno "holistiki" wakalibandika kwenye chupa. Muulize huyo mtaalamu mgonjwa anageuzwa kila baada ya saa ngapi. Anadai kutibu roho, na shuka hajaifunua akaona mgongo.

Kila msimu wa korosho nayaona. Nyumba nzima inaamkia shambani, mgonjwa kalazwa ubavu mmoja, chupa ya mitishamba kando yake, watu wanarudi alasiri. Baada ya siku chache ngozi ya nyonga imebadilika rangi, kisha pamechimbika, na mwenye chupa anasema mzee karogwa. Hajarogwa, hakugeuzwa! Florence Nightingale, muuguzi wa Uingereza, aliandika mwaka 1859 kwamba kidonda cha kulalia kwa kawaida ni kosa la uuguzi, si la ugonjwa. Mgeuzeni kila baada ya saa 2, mchana na usiku. Palipobadilika rangi msipasugue, wala msipake majivu au unga wa miti. Mkimlisha, mketisheni wima, maana uji ukiingia njia ya hewa huleta nimonia.

Na si wenye kiharusi tu. Mwenye kisukari anaambiwa aache sindano, mwenye kifafa aache vidonge, wimbo ni ule ule: acha za hospitali kwanza. Wa kisukari analetwa hajitambui, wa kifafa analetwa degedege halikatiki, na mwenye chupa kashahamia kijiji kingine na hela zenu. Akija tena kwenu, mwambieni mzee ana dawa zake.

Ninyi pangeni zamu ya nani anabaki nyumbani, na mpange kabla korosho hazijaanza kudondoka.