Maswali na majibu: Saa ya moto katika kisiwa cha ukungu

SWALI: Assalaam alaykum, fundi. Naandika hadithi ya kubuni. Inatokea katika kisiwa ambacho ukungu hauondoki mwaka mzima, watu wake hawajapata kuliona jua wala mwezi. Saa yao ni duara la kamba ya makumbi yenye mafundo 12, ndani ya kasha la shaba. Moto unatambaa kwenye kamba, na kila ukifika kwenye fundo kengele inalia. Nataka saa hii iende mwaka mzima bila kukosea. Je, kifundi inawezekana? Msomaji, Wete, Pemba.

JIBU: Waalaykum salaam. Inawezekana, ila si kwa kamba hiyo, na si mwaka mzima bila kusahihishwa. Mimi ni fundi saa, na saa zote ninazofungua, iwe ya mkononi au ya ukutani, zina mambo mawili: kitu kinachokwenda kwa mwendo mmoja, na njia ya kuirudisha saa kwenye wakati wake inapopotea. La kwanza umelifikiria. La pili hujaliweka, na ndilo litakaloipa hadithi yako uzito.

Tuanze na mafundo. Moto unaofukuta bila mwali unaishi kwa hewa inayopenya kwenye nyuzi. Penye fundo nyuzi zimebanana, hewa haipiti, moto unapunguza mwendo au hata kuzimika. Yaani saa yako inaweza kuchelewa au kusimama pale pale inapotakiwa kulia. Kamba yenyewe nayo ina lake. Chukua pima moja ya kamba ya makumbi iliyosokotwa kwa mkono, uipitishe taratibu baina ya vidole: hapa nene, pale nyembamba, hapa imekazwa, pale imelegea. Kwa kazi za chomboni haina neno, lakini kwenye saa kila penye unene moto utachelewa.

Wachina wa zamani waliokuwa wakipima saa kwa ubani walitumia unga. Walisawazisha jivu kwenye sinia, wakaweka juu yake kibao kilichokatwa njia moja ya kuzungukazunguka isiyokutana na nyengine, wakajaza unga wa ubani kwenye ile njia, wakaushindilia, kisha wakakiinua kibao na kuwasha ncha moja. Unga uliosagwa na kuchekechwa pamoja una ulaini mmoja, na njia iliyokatwa kwenye kibao ina upana mmoja, basi moto hauna sababu ya kukimbia hapa na kusita pale. Watu wa kisiwa chako wafanye hivyo hivyo kwa udi au kwa unga wa mti mkavu. Jivu la chini lisikosekane kabisa, maana shaba inakunywa joto upesi, na unga ukiigusa moto utakufa.

Kengele pia Wachina walikuwa nayo. Walilaza kijiti cha ubani ndani ya chombo chenye umbo la jahazi la joka, wakapitisha nyuzi juu yake, kila uzi una gololi ya chuma huku na huku. Moto ukifika, uzi unakatika, gololi zinaanguka kwenye sahani ya chini na kulia. Weka nyuzi 12 pahala pa mafundo yako 12 na shida ya kulia imekwisha.

Kasha la shaba ulilolifunga pande zote litauzima moto. Litoboe matundu madogo chini na mengine juu, na uyape kifuniko cha kusogeza, maana hapo ndipo mwendo wa saa unaporekebishwa: hewa zaidi, moto mbio zaidi. Ndiyo maana upepo ni adui. Mfalme Alfred wa Uingereza, katika karne ya 9, alipima saa kwa mishumaa, na ikabidi atengenezewe fanusi ya mbao na pembe iliyochongwa nyembamba ili upepo usiile mishumaa kabla ya wakati.

Ukitaka mwali badala ya moshi, msome Al-Jazari, aliyemaliza kitabu chake cha mitambo mwaka 1206. Katika saa zake za mshumaa, mshumaa umo ndani ya ala na unasukumwa juu na uzito kadiri unavyopungua, kwa hiyo mwali unabaki pahala pamoja na kule kupungua ndiko kunakoendesha mtambo. Taa ya mafuta ya nazi nisingekushauri. Mafuta hayo huanza kuganda kwenye nyuzijoto 24 hivi, na usiku wa kipupwe hata hapa kwetu yanakuwa mazito na meupe.

Sasa lile la pili. Ukungu maana yake unyevu, na unga wenye unyevu unaungua polepole, kwani moto lazima kwanza uyakaushe maji. Tuseme saa yako inachelewa dakika 3 tu kwa kila saa. Kwa siku moja, usiku na mchana, ni dakika 72. Kwa siku 10 ni saa 12 kamili, na mlinzi wa saa atakuwa anatangaza saa sita ya mchana katikati ya giza. Jua la kumsahihisha hulionyeshi. Lakini umewapa bahari, na ukungu unauficha mwezi, hauyazuii maji kujaa na kupwa.

Wewe ni mtu wa Pemba, hili unalijua kuliko mimi. Siku za bamvua, yaani za maji makubwa, maji yanapwa mwendo wa saa nne asubuhi na kujaa mwendo wa saa kumi alasiri, na akina mama wa mwani wanateremka pwani bila kuuliza saa. Kila siku maji yanachelewa kiasi cha dakika 50. Kutoka bamvua hadi bamvua ni siku 14 na robo tatu hivi. Hesabu hiyo haipotei hata moto ukizimika.

Kilele chenyewe hakionekani vizuri, kwa sababu maji yakijaa yanatulia. Mlinzi wako asimike mti ufukweni wenye alama. Maji yakigusa alama yakipanda, asome saa ya moto. Yakigusa alama ile ile yakishuka, asome tena. Katikati ya masomo hayo mawili ndipo maji yalipojaa. Saa ikiwa sawa, kesho yake kujaa huko kutasomeka kumechelewa kwa zile dakika 50; kukisomeka pungufu, saa inachelewa. Asisahihishe kwa siku moja, maana upepo wa kusi unaweza kuyasukuma maji. Achukue wastani wa siku zote za bamvua moja hadi nyengine, kisha afungue au abane matundu ya kasha.

Jambo la mwisho, na hili lisikae nje ya hadithi: moto wa kufukuta katika chumba kilichofungwa unatoa hewa ya sumu isiyo na harufu, na inaua. Chumba cha saa kiwe na dirisha la chini na tundu la moshi darini, na walinzi wawe wawili, wapokezane. Kichwa kikimuuma aliye ndani, atoke nje hapo hapo, hata kama uzi unaofuata unakaribia kukatika.